Barua ya wazi kwa viongozi wetu wa kanisa: msilibomoe kanisa la mbao kabla hamjakaa na sisi

Kwa Baba Askofu wetu,
Mkuu wa Jimbo,
Mchungaji Kiongozi na Baraza la Wazee wa usharika wetu.

YAH: MPANGO WA KUBOMOA KANISA LA MBAO LA MTAA WETU WA MWALONI, NA HISTORIA YAKE KUKATWA KICHWA

Bwana Yesu asifiwe.

Shikamooni wazee wangu, na wale wa rika langu habari za huduma. Mimi ni msharika wa kawaida tu, nimebatizwa kwenye hilo kanisa, kipaimara nimepata humo humo, na mama yangu amezikwa hatua chache kutoka mlango wa nyuma. Jina la usharika silitaji wala la kijiji, nyinyi mnajijua na sisi tunajijua, sina nia ya kumdhalilisha mtu mitandaoni. Nataka mtusikie, basi.

Najua wa kwanza kusoma hii atasema mambo ya kanisa hayaanikwi nje. Sawa, lakini Mathayo 18 mnaijua kuliko mimi, ndugu yako akikukosea mwendee mkiwa wawili tu, asiposikia chukua na mwingine, akikataa kuwasikia na hao liambie kanisa. Tumefuata mstari kwa mstari. Tuliandika barua kama mtaa, yaani tawi la usharika, ikagongwa mhuri wa kupokelewa na kopi tunayo, tukaambiwa inafanyiwa kazi. Tukatuma wazee wakaenda mpaka nyumbani kwa mchungaji, wakapewa soda, wakasikilizwa vizuri, wakarudi na soda tumboni na jibu hakuna. Tukanyoosha mkono kwenye kikao tukaambiwa hiyo ajenda haipo. Sasa naliambia kanisa, na kanisa siku hizi liko kwenye simu, hata wazee wa baraza wenyewe wapo kwenye magrupu wanatuma picha za maua na mistari ya Zaburi kila asubuhi, kwa hiyo msiniambie mtandao ni dhambi.

Kilichotufikisha hapa ni hiki. Tumesikia, tena sio kwenye matangazo ya ibada, tumesikia kwa fundi, kwamba kanisa la mbao linabomolewa ili eneo lisafishwe lijengwe la tofali na mbao ziuzwe. Fundi mwenyewe alikuja na futi kamba akina mama wakiwa kwenye mazoezi ya kwaya, akaanza kupima ukuta, wakamuuliza baba unapima nini, akasema nimetumwa nikadirie zitatoka mbao ngapi. Hivyo ndo washarika walivyopata taarifa. Kwa mpimaji.

Kabla sijaingia kwenye malalamiko naomba niandike historia ya hilo jengo kama tulivyoipokea, kwa sababu kwa kweli naona nusu ya ugomvi huu inatokana na kwamba wengi wenu mmehamishiwa huku juzi juzi na hakuna aliyewaketisha akawaeleza, na hilo silisemi kwa ubaya.

Sisi Walutheri kwenye ufukwe huu wa Ziwa Victoria, upande wa Mwanza, tulichelewa. Wakatoliki walishakaa Bukumbi tangu 1883, Nassa walikuwepo Waanglikana wa CMS, shirika la misioni la Uingereza, alafu misioni nyingine ya AIM (Africa Inland Mission) wakapokea 1909, sisi bado. Na hatukuletwa na mzungu. Tuliletwa na watu waliopanda meli kutoka Bukoba wakitafuta maisha, wavuvi, mafundi, wachuuzi, na baadaye wakaongezeka watu wa Kilimanjaro na Singida waliofuata kazi Mwanza mjini. Na hao wa Bukoba walikuwa na tabia yao. Kwao wamisionari wa Betheli kutoka Ujerumani walifika 1910, lakini walikuta tayari kuna Wahaya walioupata Ukristo upande wa Uganda wanasali wenyewe. Wale Wajerumani wakaondolewa kwa sababu ya vita ya kwanza, wakarudi, ya pili ilipoanza wakakamatwa tena, na kanisa halikufungwa, walimu na wainjilisti wa pale pale wakaendelea nalo mpaka Waswidi wakaja kusaidia. Kwa hiyo waliotua kwenye mwalo wetu walikuwa watu waliozoea kuwa na kanisa bila kusubiri mchungaji atumwe. Hilo naomba mlishike, nitalirudia nikifika kwenye jiwe lenu.

Walianza chini ya mkuyu, kama kila mahali. Jengo lilikuja miaka michache kabla ya Uhuru, na kila mgeni swali lake ni moja, kwa nini mbao, Mwanza hii ambayo mawe yamejaa mpaka mtu anajenga sebule mgongoni mwa jiwe? Sababu ni kwamba waliokuwepo walikuwa mafundi mitumbwi. Kuchonga jiwe hawakujua, udongo wa pale chini ni mchanga tupu tofali haishiki, ila ubao ndo ulikuwa unawalisha. Mvule ukaja kwa mashua kutoka upande wa Bukoba, maana Usukuma ulishafyekwa kwa ajili ya pamba na kufukuza mbung'o, mti mkubwa wa kupasua mbao ulikuwa wa kutafuta kwa tochi.

Nendeni mkaangalie ule ukuta, naomba sana, kwa macho yenu na sio kwa ripoti. Misumari imepigwa ikatokeza upande wa ndani alafu ncha ikakunjwa ikalazwa kwenye ubao, vile vile wanavyofanya kwenye mtumbwi ili wimbi lisiulegeze. Kwenye maungio kuna pamba imeshindiliwa, ukichokonoa na njiti inatoka nyuzi nyeusi inanuka mafuta mpaka leo. Sasa ukuta wa kanisa wa nini kuzibwa pamba kama chombo cha majini? Hakuna haja. Ila kwa fundi yule ubao ambao haujazibwa ni kazi ambayo haijaisha, na alikuwa anamjengea Mungu, asingeacha kazi nusu. Madirisha hayana vioo, ni vibao vya kuinua na kuegemeza kijiti. Kengele ni ringi ya lori. Juu lilikuwa nyasi, bati limekuja baadaye.

Alafu ikaja mvua ya mwaka wa Uhuru. Kuanzia mwishoni mwa 1961 mpaka 1964 Ziwa Victoria lilipanda zaidi ya mita mbili, na hiyo sio stori ya vibarazani, vipimo vya ziwa vipo na nchi zote tatu zinavijua. Mwalo wa zamani ulimezwa, mashamba ya mihogo yakaenda, njia ikaenda. Kanisa lilikuwa kule chini, jirani kabisa na maji. Lingekuwa la mawe tungeliacha palepale tukalia. Lakini lilikuwa la mbao, na waliolijenga walikuwa hai, basi wakalifungua. Wakashusha mapau, wakanyoosha ncha za misumari moja moja wakaing'oa, wakafungua ukuta ubao kwa ubao, na kila ubao kabla haujatoka ukapigwa namba kwa patasi. Patasi haichori duara, inapiga mstari, ndo maana namba zote ni za kirumi. Wanaume wakapandisha mbao begani mpaka juu kwenye mwamba, wanawake wakapanga msingi wa mawe, likasimama pale lilipo leo.

Na kuna ubao mmoja waliukosea. Ukuta wa upande wa ziwa, karibu kabisa na kenchi, ubao wa kumi na moja kutoka chini umewekwa kichwa chini miguu juu, kwa hiyo XI yake inasomeka IX. Ukuta ule una tisa mbili na hauna kumi na moja. Kila mtoto wa mtaa wetu anaijua ile tisa ya pili, mahubiri yakiwa marefu ndo tulikuwa tunaitafuta kwa macho, na naamini hata leo wanaitafuta.

Miaka hiyo hiyo, tarehe 19 Juni 1963, makanisa saba ya Kilutheri yaliungana ikazaliwa KKKT, Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania. Wakubwa huko wanaungana, wazee wetu huku wanapandisha mbao mlimani. Hakuna aliyewapiga picha.

Ya baadaye nayapita haraka. Operesheni Vijiji ya miaka ya 70 ilizihamisha nyumba zikaenda barabarani, kanisa likabaki peke yake na popo na mwinjilisti mmoja, watu wanapanda kwa miguu Jumapili, na waliokuwepo kipindi hicho hawapendi kukisimulia kwa hiyo siwezi kuwasemea. Ziwa likashuka sana 2006 watu wakalima mchicha pale lilipokuwa kanisa la kwanza. 2020 likapanda tena likafika kiwango kile cha 1964 na mchicha ukaisha, na kule juu kwenye mwamba hata tone halikufika. Wazee walipima vizuri, na hawakuwa na futi kamba.

Sasa malalamiko yetu.

1. Hatujaulizwa. Kanisa lile ni la mtaa, mtaa una wazee wake, una mwinjilisti wake, una kamati yake, na hakuna hata mmoja kati yao aliyekaa kikao chochote kilichoamua libomolewe. Kama kikao kilikaa tunaomba muhtasari wake. Kama hakikukaa basi nani aliamua? Kiwanja kile kilitolewa na ukoo mmoja wa pale kijijini, kwa mdomo, mbele ya mashahidi, kwa ajili ya kanisa lile la mbao, na wajukuu wa aliyetoa bado wanaishi pale na wanauliza maswali ambayo mimi siwezi kuyajibu kwa niaba yenu.

2. Jiwe la marumaru. Kwenye kanisa la tofali la makao makuu ya usharika mmeweka jiwe linalosema kazi ya Injili eneo hili ilianza alipowasili mchungaji wa kwanza mkaazi. Mchungaji yule sina neno naye, alikuwa mtu mwema na wengi wetu alitufundisha. Ila siku anafika alipokelewa na kwaya. Kwaya ilitoka wapi? Alikabidhiwa daftari la washarika, liliandikwa na nani? Alisalia ndani ya jengo ambalo mbao zake zilishafunguliwa na kufungwa mara moja kabla yake. Watu waliovuka ziwa na Biblia kwenye kapu la ndizi hawamo kwenye jiwe, waliobeba mbao hawamo, na sasa jengo lenyewe likiondoka hakutabaki kitu cha kulibishia jiwe. Naomba radhi kama nasema kwa ukali ila hilo ndo linaloniuma kuliko yote.

3. Mchwa. Hapa naomba mvumilie maana ni parefu, na hapa ndo penye sababu yenu kubwa, kwamba jengo limeliwa na ni hatari. Ni kweli ukuta wa nyuma boriti ya chini imeliwa, hata mimi nimeibonyeza na kidole ikaingia. Lakini tuulizane imeliwa lini. Jengo lile lilikaa miaka na miaka bila mchwa wa maana kwa sababu wazee hawakuuweka ubao chini. Boriti za chini zililazwa juu ya mawe, na kati ya ardhi na ubao kulikuwa na uwazi wa kupitisha kuku, upepo unapita, maji ya mvua yanapita, ubao ukilowa unakauka. Mchwa akitaka kupanda ilibidi ajenge kile kifereji chake cha udongo juu ya jiwe, na kikionekana mzee mwenye zamu anakipangusa kwa ufagio, asubuhi moja kazi imeisha, na wakati mwingine wanapaka oili chafu. Mbao zinaoza zikigusa ardhi, hilo hata mvuvi wa dagaa anakwambia. Norwei kuna makanisa ya mbao yana miaka zaidi ya mia nane na ujanja wake ni huo huo, nguzo haichimbiwi chini, inakaa juu ya boriti na boriti inakaa juu ya mawe, yale ya zamani zaidi waliyochimbia nguzo ardhini yalioza yote. Wazee wetu hawakwenda Norwei, walijifunza kwa mitumbwi iliyolazwa mchangani.

Sasa ikaja kamati ya ukarabati ya usharika. Kwa nia njema, sikatai. Ikamwaga zege ndani na nje kuzunguka ukuta wote, ikafukia mawe, zege likagusa ubao, likapakwa rangi nyekundu ya kupendeza, tukapiga makofi. Toka siku ile mvua ikipiga ukuta maji yanashuka yanakaa pale pale kwenye boriti hayana pa kwenda, na mchwa anapanda kwenye nyufa za zege kwa ndani, kifereji hakionekani, ufagio hauna kazi. Tulipoona vumbi la mbao likidondoka tulitoa taarifa. Tukaambiwa bajeti. Kwa hiyo wapendwa, jengo halijaliwa kwa sababu ni la mbao. Limeliwa kwa sababu ya zege, na sasa mnataka kuliondoa lililoharibiwa mlete zege lingine.

4. Vitabu vya ubatizo na ndoa. Vilichukuliwa kwa maelezo kwamba vinaenda kutumika kuandaa historia ya usharika. Historia ikaandaliwa (ndo hiyo ya kwenye jiwe), vitabu havijarudi. Ndani mle kuna majina ya waliobatizwa toka kanisa likiwa kule chini kwenye maji, kuna mwandiko wa wainjilisti ambao makaburi yao hata msalaba hayana. Na ukiachilia mbali historia, watu wana shida ya leo, mtu anataka kufunga ndoa usharika mwingine anadaiwa cheti cha ubatizo, akija mtaani tunamwambia kitabu kipo ofisini, akienda ofisini wanamwambia kitabu kipo mtaani.

5. Hela ya mbao. Mvule mkavu wa umri ule sa hivi ni mali, anayejua mbao anajua. Mnunuzi ni nani, bei imepangwa na nani, na inaingia mfuko upi. Sisemi kuna mtu anakula. Nauliza tu, na muulizaji hapaswi kununiwa.

Najua majibu mtakayotoa, mengine tumeshapewa, basi niyajibu hapa hapa tusisumbuane.

Mtasema kanisa ni watu, sio jengo. Amina. Basi waulizeni watu.

Mtasema tunaleta ukabila, mara Wahaya walianzisha, mara Wasukuma walitoa ardhi. Hapana. Mhaya alileta ubao, Msukuma akatoa kiwanja, Mnyiramba akapiga kengele, na wote hao hawamo kwenye jiwe, kwa hiyo angalau katika kusahauliwa hatujabaguana.

Mtasema la mbao ni la kimaskini, wageni wakija ni aibu. Hili lilisemwa kabisa, mbele ya watu, na mimi nilikuwepo. Nawaomba msome habari za Walutheri wenzetu wa Silesia, sasa ni Polandi. Baada ya Mkataba wa Westphalia wa 1648 mfalme wao Mkatoliki aliwaruhusu makanisa matatu tu, tena yajengwe kwa mbao na udongo, hakuna jiwe, hakuna mnara, nje ya ukuta wa mji, na yaishe ndani ya mwaka mmoja. Masharti ya kuwakomoa hayo. Wakajenga. Moja liliungua, mawili ya Jawor na Świdnica yamesimama mpaka kesho, lile la Świdnica linachukua watu elfu saba na zaidi, na 2001 UNESCO iliyaweka kwenye urithi wa dunia. Hakuna mgeni anayefika pale akawahurumia.

Mtasema hatuwezi kuwa na makanisa mawili kwenye eneo moja. Kwa nini? Ufini kuna kanisa la Kilutheri la Petäjävesi, la kijijini, la mbao, lipo karibu na ziwa kama letu na watu walikuwa wanaenda kusali kwa mitumbwi. Lilijengwa 1763 mpaka 1765 na wanakijiji na fundi seremala wao. Likawa dogo, likachakaa, 1879 wakajenga jipya upande wa pili. La zamani hawakulibomoa. Walilifunga tu, wakaendelea kutumia makaburi na mnara wake wa kengele, na miaka ya 1920 wakalikarabati, 1994 likaingia urithi wa dunia. Sisemi letu litafika huko, tusidanganyane. Nasema jipya na la zamani vinaweza kukaa pamoja, na eneo letu ni kubwa, upande wa chini wa mwembe panaingia kanisa la watu mia tano na parking juu, bila kugusa ubao hata mmoja. Hilo kanisa jipya sisi tunalitaka. Tunabanana sana, Krismasi watu wanasali nje, hakuna anayepinga tofali.

Na kuna mwanasheria mmoja msharika alishatuambia tusipoteze muda na sheria, na ni kweli. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inalinda yenyewe majengo ya kabla ya 1863, letu kwa umri huo ni mtoto, mpaka waziri alitangaze. Kwa hiyo hatuwatishii mahakama wala nini. Mkitaka kulibomoa kesho asubuhi mnaweza. Ndo maana nawaandikia kama mtoto anavyowaandikia baba zake.

Tunachoomba ni hiki.

Kwanza fundi asirudi na nyundo mpaka uitishwe mkutano wa washarika wa mtaa, utangazwe ibadani Jumapili mbili mfululizo, ufanyike kwenye kanisa lenyewe na sio makao makuu, na Mkuu wa Jimbo awepo. Tukipigiwa kura tukashindwa tutanyamaza, hiyo naahidi kwa niaba yangu na ya niliozungumza nao.

Pili zege la nje lipasuliwe, mawe yafukuliwe, uwazi urudi kama zamani, na boriti zilizoliwa zitolewe ziwekwe nyingine. Hatuombi hela ya usharika. Vijana wa mwaloni wako tayari kupasua zege bure, na mafundi mitumbwi wapo, wamekagua, wamesema boriti tatu ndo zimekufa kabisa, nyingine ni za kuunga. Mbao wenye mitumbwi wameahidi kuchanga. Tunachohitaji ni barua moja ya ruhusa, yenye mhuri, maana tukigusa bila ruhusa mtasema tumeasi.

Tatu vitabu virudi mtaani, au kama mnaona ofisini ndo salama basi vipigwe picha kurasa zote kwa simu tu na mtaa upewe nakala, kijana yeyote wa kipaimara anaifanya hiyo kazi kwa mchana mmoja.

Nne jiwe. Hatusemi mling'oe. Wekeni la pili pembeni, dogo, hata la simenti, liandikwe kwamba kabla ya hapo kulikuwa na watu waliosali chini ya mkuyu, wakajenga kwa mbao, ziwa likawafuata wakalihamisha kanisa lao mpaka juu. Majina wazee waliobaki wanayakumbuka, lakini hawatayakumbuka miaka yote, mmoja wao ambaye alikuwa kijana wa kubeba misumari kipindi kile sa hivi haoni vizuri na bado ukimshika mkono anakupeleka kwenye ile tisa ya pili bila kuuliza njia. Atumwe mtu na daftari aende akae naye.

Tano, kama baada ya yote hayo mkutano ukaamua liondoke, lisiuzwe mbao mbao kwa mfanyabiashara. Lifunguliwe kama lilivyofunguliwa, kwa namba, namba zipo bado, tupewe sisi tulisimamishe sehemu nyingine. Lilishahama mara moja.

Majibu yenu tunaomba yaje kwa maandishi kwa mwinjilisti wa mtaa, au yasomwe kwenye matangazo ya ibada watu wote wasikie. Mkinijibu mimi kwa simu usiku nitawashukuru, ila haitasaidia, ishu sio mimi.

Wenu katika Kristo,

Msharika wa mtaa wa mwaloni

Nakala:
Mwinjilisti na Kamati ya Mtaa
Umoja wa Wanawake, Umoja wa Vijana na Kwaya
Ukoo uliotoa kiwanja
Fundi mwenye futi kamba, asubiri kwanza